Makubadhi Mlangoni

Vijana wa ofisini mmenitaka niandike ya kazini kabla sijasahau. Sijui kama mnayataka kweli au mmeona ni adabu tu kumwomba bibi aliyestaafu. Kwa miaka yote niliyofanya kazi ya kuhesabu watu sikupata kuamini jibu la kwanza, na sioni sababu ya kuanza leo. Lakini karamu yenu ilikuwa nzuri, na saa ya ukutani mliyonipa inakwenda mbele kidogo tu. Basi nitaandika. Vyeo na mishahara vimo kwenye faili langu, atakaye akatazame. Hapa naandika yale ambayo hayamo.

Niliingia kazi hii kwa sababu ya vyumba vya ndani vya nyumba za watu. Nilikuwa mwalimu wa darasa la pili, msichana bado, Mapinduzi yamepita miaka michache tu, na nchi ikijitayarisha kwa sensa ya mwaka wa sitini na saba. Wakubwa walijua kwamba Mji Mkongwe karani mwanamume hafiki mbali. Atakaribishwa barazani, atapewa kahawa na tende, ataongopewa na mzee mmoja mwenye maneno mazuri, na wanawake wote waliomo ndani watahesabiwa kwa kukisia. Wakataka wanawake wanaojua kusoma na kuandika. Mwalimu Mkuu akaniita akaniambia, "Zuhura, umechaguliwa." Siku zile hukuulizwa kama unataka.

Mama alipopata habari aliacha kuchambua mchele. "Wanataka majina ya watu ya nini?" Nikamwambia ni ili serikali ijue wapi pajengwe skuli na wapi paletwe maji. Ndivyo tulivyofundishwa kusema. Mama akanitazama kama anavyomtazama muuza samaki anayeapa kwamba changu wake amevuliwa alfajiri. "Na wewe umeamini?" akauliza. Mimi mwenyewe sikuwa na hakika. Mji mzima ulikuwa hivyo. Wapo walioondoka na wapo waliochukuliwa, na waliobaki walijifunza kwamba kutajwa jina si jambo la kheri. Ukibisha hodi na karatasi mkononi, wa ndani wanakaa kimya wakitumai kwamba utakwenda zako.

Kazi ya mwanzo kabisa ilikuwa kuandika nambari milangoni kwa chaki. Kesho yake nyingi zilikuwa zimefutwa. Mzee mmoja alisugua mlango wake wa nakshi kwa jivu na ndimu mpaka ukang'aa. Mwengine alifuta nambari yake na kuiandika kwenye mlango wa jirani waliyegombana naye, ili balaa, kama ipo, iende kule. Tukaandika upya. Wakafuta upya. Mwisho tukaacha, tukakariri milango kwa sura.

Aliyenifundisha kazi ni Mzee Pandu, mtu wa Makunduchi, mrefu, penseli yake ameichomeka kwenye kofia. Kabla ya hapo alikuwa akihesabu mikarafuu ya serikali, na aliikumbuka kwa mapenzi. "Mkarafuu," aliniambia siku ya kwanza, "humkuti kajificha uvunguni." Binadamu kwake walikuwa miti yenye tabia mbaya. Alikuwa na kanuni yake moja ambayo haikuwamo katika kitabu cha maelekezo: kabla hujauliza swali lolote, tazama viatu mlangoni. Mtu yeyote anayeingia ndani ya nyumba ya watu wenye adabu huvua viatu. Basi ukitajiwa watu wanne na viatu ni vya sita, kaa kitako, usiondoke.

Alinionyesha Kiembe Samaki, tulikokwenda kujifunza. Mkulima mmoja alitutajia mke, watoto na mama yake mzazi, akasema basi. Mzee Pandu alikuwa akitazama kizingitini.

"Na haya makubadhi makubwa, jozi mbili, bwana, ni ya bibi yako?"

Mkulima akakohoa. "Ah, hayo... ya wapwa zangu. Wamepita tu."

"Wamepitia wapi?"

Kikatoka kicheko jikoni, na wapwa wawili wakajitokeza na majivu kichwani. Walidhani tumekuja kudai kodi. Tukawaandika. Tangu siku ile mimi nikawa mtu wa viatu. Hata nilipokwenda kupeleka pole msibani nilijikuta nikivihesabu.

Sensa ilipofika nikapewa mtaa mmoja wa Mji Mkongwe, uchochoro mwembamba ambao majirani wanaweza kupeana chumvi dirisha kwa dirisha. Nyumba ya kona ilikuwa ya Bi Rukia. Mumewe alikuwa karani katika serikali ya zamani. Mwaka wa sitini na nne aliondoka kwenda kutibiwa bara, na tangu hapo haikuja salamu. Bi Rukia alikuwa na umri wa miaka thelathini na kitu, uso mkavu, buibui limemkaa vyema, na hakunikaribisha kuketi.

"Waliolala humu usiku wa sensa ni nani na nani?" nikauliza.

"Mimi. Mama yangu. Wanangu wawili wa kike."

"Na mwanamume?"

"Hamna."

Nikatazama chini. Mlangoni palikuwa na makubadhi ya kiume, makubwa, kisigino kimelika upande mmoja kama cha mtu anayetembea kwa kuburura.

"Na haya, Bi Rukia?"

"Ya mgeni."

"Mgeni yuko wapi?"

"Kaondoka."

"Kaondoka miguu mitupu?"

Akavuta mlango nusu. Nami nikaandika wanne kama alivyosema, nikatia alama ndogo ya kuuliza pembeni kwa penseli. Nilipofika nyumba ya pili nikakuta wanawake watatu na makubadhi ya kiume. Nyumba ya nne, vivyo hivyo. Mtaa mzima ulikuwa na viatu vya wanaume ambao hakuna aliyewataja.  Niliamini kwamba nimegundua jambo kubwa, na pia niliogopa, kwani wakati ule mwanamume aliyefichwa alikuwa amefichwa kwa sababu.

Makaratasi yalipokusanywa tukaanza kazi ninayoipenda kuliko zote, ile ya kuufanya umati useme ulivyo. Unachukua karatasi ya miraba. Katikati unapiga mstari wa kusimama. Wanaume unawapanga kulia, wanawake kushoto, wachanga chini na wazee juu, kila umri na mstari wake wa kulala. Kijiji kilichotulia kinatoka kama chungu ya mchanga, pana chini, nyembamba juu. Ukijua kuisoma, chungu ile inakwambia vita, njaa, ndoa, vijana waliokwenda kutafuta kazi mjini. Mtaa wangu ulipomalizwa kuchorwa, upande wa kulia ulikuwa umemegwa kama mkate. Wanaume wa miaka ishirini mpaka arubaini karibu hawakuwapo.

Mkuu wetu wa ofisi, mtu mpole aliyesomea ng'ambo na kunywa chai ya rangi kutwa, alikitazama kile kipande kilichomegwa kwa muda mrefu. Kisha akanitazama mimi.

"Bi Zuhura, uliingia ndani kweli? Au uliandikia barazani?"

 Ndipo Mzee Pandu, akitaka kunitetea, akasema, "Kaingia, Bwana. Tena viatu vya wanaume kaviona milangoni. Ni wao waliokataa kuwataja."

Laiti angenyamaza. Maana mezani pale alikuwapo Bwana Sefu, mjumbe wa tawi la chama katika mtaa ule, aliyewekwa atusaidie kutambua nyumba. Alikuwa kijana wa shati lililonyooshwa kwa pasi, na redio ndogo kwapani hata mkutanoni.

"Si nlisema?" akasema Sefu. "Wamo. Wamefichwa. Nyumba ya Rukia ndiyo ya mwanzo. Nipeni vijana wangu tuingie vyumbani, jioni moja tu mtapata hesabu yenu."

Kila mmoja wetu alijua maana yake. Nyumba za walioondoka zilikuwa zikichukuliwa. Bi Rukia akikutwa anaficha mtu, au akionekana tu kwamba alimdanganya karani wa sensa, atalala kituoni, na watoto na mama yake watatolewa nje na makorokoro yao. Mkuu alizungusha kijiko kwenye chai isiyo na sukari. Akasema, "Bi Zuhura akahakikishe. Ijumaa baada ya sala tutakutana hapa. Kama hana jibu, Bwana Sefu ataingia."

Usiku ule ilinyesha mvua ya mchoo, ile ya kabla ya vuli, na asubuhi uchochoro ulikuwa tope tupu. Nilikwenda nyumba ya kona. Makubadhi yalikuwa palepale, ila ncha zilizokuwa zikitazama ndani sasa zilitazama nje. Nikainama kama ninayefunga kiatu changu. Soli zake hazikuwa na chembe ya tope. Pale kisigino kilipobonyea palikuwa na maji ya mvua, na juu ya maji jani moja la mkungu limelala raha mustarehe. Na mshono wake ulikuwa wa uzi mwekundu. Nikapita nyumba ya pili, nikainama tena. Uzi mwekundu. Nyumba ya nne, uzi mwekundu.

Bi Rukia alinifungulia kipande cha mlango.

"Naomba kuingia vyumbani mara moja," nikamwambia.

"Kakutuma nani?"

"Nimetumwa na kazi."

"Na ukishaona utakwenda kumwambia nani?"

"Tumekula kiapo, Bi Rukia. Hatusemi."

"Walokula viapo n'nawajua wengi," akasema, akafunga.

Sikumlaumu. Mimi pia nisingemfungulia mtu kama mimi. Lakini uzi mwekundu nilikuwa nikiujua. Darajani, nyuma ya soko, karibu na wauza samaki, alikaa fundi viatu Mzee Mbaruku, ambaye alishona kila kitu kwa uzi mwekundu kwa sababu alikuwa nao mwingi. Nikaenda moja kwa moja.

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba, mwanangu. Mguu wa ngapi?"

"Mguu wa nani?"

Akanitazama miguuni, akanitazama usoni, akashusha sauti. "Na nyinyi nyumbani hamna mtu?"

Kazi ilishanifundisha kwamba mtu akianza kukujibu kabla hujauliza, usimkatize. "Hamna," nikasema.

Akavuta gunia kutoka chini ya benchi. Lilijaa makubadhi makuukuu. "Mapya usitake. Kiatu kipya mlangoni kila mtu anajua kimewekwa. Chukua haya, yameliwa kisigino, mguu mkubwa. Mwenye mguu huu ukimkuta njiani unampisha."

"Wanachukua wengi?"

"Wanaolala kwa hofu. Yageuze kila jioni, yasikae vilevile. Na kule uchochoroni ninakokuona ukipita, mwambie yule wa nyumba ya kona mvua ikinyesha ayapake tope. Leo asubuhi nimepita, n'kaona aibu kwa niaba yake."

Nilisimama pale kati ya harufu ya ngozi na ya papa, nikaona haya hata kwa mawazo yangu. Wiki nzima nilikuwa nikiwashuku wanawake wale kwamba wanaficha wanaume. Walichokuwa wakificha ni kwamba hawana.

Nikarudi uchochoroni. Safari hii sikusema habari ya kazi. Nilimwambia Bi Rukia, "Nimetoka kwa Mzee Mbaruku. Anasema uyapake tope."

Alishika mlango. Kisha akanifungulia, akaketi juu ya ngazi ya ndani bila ya kunikaribisha, na kwa mara ya kwanza nikaiona sura yake bila ya ule ukavu. Alikuwa amechoka.

"Unajua ilivyo?" akasema. "Magharibi ikiingia tu, mlango unagongwa. Mtu anasema kaja kukagua. Anakagua nini? Wanangu wakubwa wale, wasichana. Siku nliyoyaweka makubadhi alikuja, akayaona, akakohoa, akenda zake. Tangu siku hiyo n'napata usingizi."

"Ni nani?"

"Unakaa naye meza moja."

Sikuuliza jina. Nikamwambia basi jambo limekwisha, nitakwenda kusema ndani hamna mwanamume, na jela na kunyang'anywa nyumba hakutakuwapo. Akanicheka, kicheko kisicho na furaha hata kidogo.

"Ukisema hamna, mimi n'taokoka na kituo. Kesho yake yeye atajua kuwa viatu ni vitupu. Na si vyangu tu. Vya mtaa mzima. Bora uandike wamo."

"Nikiandika wamo, atakuja kuwatafuta."

"Ndo hivyo," akasema. "Sasa wewe mwenye kusoma, niambie niandikwe vipi."

 Nikarudi ofisini na kuketi mbele ya ile karatasi ya miraba, nimekata tamaa, ninamchukia Sefu na redio yake. Niliitazama chungu ile mpaka macho yakaniuma. Siku zote tulikuwa tukitazama pale palipomegwa, katikati, kulia. Hakuna aliyetazama chini. Nilipotazama chini nikaona kwamba watoto wa miaka mitatu na kwenda juu walikuwa wengi kama inavyotakiwa, ila wachanga zaidi ya hapo walipungua ghafla, kana kwamba mtaa ule ulikuwa umeacha kuzaa kwa pamoja. Na wanawake wa umri wa kuzaa walikuwa tele. Sioni aibu kusema kwamba nililia pale mezani. Mzee Pandu akajifanya anachonga penseli.

Ijumaa baada ya sala tukakutana. Sefu alikuwa amekuja na vijana wake, wamekaa ngazini. Mkuu akauliza, "Haya, Bi Zuhura. Wanaume wamo au hawamo?"

Nikamwekea karatasi mbele yake. "Usitazame wanaume, Bwana. Tazama watoto wachanga."

Akavaa miwani. Nikamwonyesha kwa ncha ya penseli. "Mume utamficha chooni karani akipita. Mtoto mchanga atalia. Wanawake ni hawa, vijana, wazima, waliozaa kila mwaka mpaka sitini na nne. Tangu hapo hakuna. Kama waume zao wamo ndani miaka hii yote, wanafanya nini?"

Mzee Pandu alikohoa ndani ya kofia yake. Mkuu hakucheka. Alihesabu mistari kwa kidole, mara mbili, uso ukimshuka kila alipofika chini. Nadhani na yeye aliona nilichokiona mimi.

"Na viatu?" akaruka Sefu. "Viatu mimi mwenyewe nimeviona! Vinageuzwa kila siku! Jana ncha ndani, leo ncha nje! Mtu yumo!"

Hapo Mkuu akainua macho taratibu. "Umeviona wewe?"

"Kwa macho yangu."

"Saa ngapi?"

"Jioni. Magharibi hivi."

"Kila siku?"

 Redio ya Sefu ilikuwa ikiimba taarabu kwa sauti ndogo, na akahangaika kuizima.

"Magharibi watu wanakwenda msikitini," akasema Mkuu. "Wewe kila siku magharibi unafuata nini kwenye mlango wa mke wa mtu?"

 Mkuu akasema kwamba swali la sensa ni nani alilala, si kiatu gani kililala, na akatia saini hesabu kama nilivyoiandika. Vijana wa ngazini wakaambiwa warudi makwao. Habari ya viatu ni vya nani haikuulizwa tena mezani, nami sikuitaja. Sefu, aliyeamini macho yake kuliko karatasi, alitoka bila kujua kama ndani mna mtu au hamna, na nilitaka abaki hivyohivyo. Kwa muda mrefu baadaye nilikuwa nikizunguka njia ya mbali ili nisikutane naye. Kwenye nyumba ya kona, Bi Rukia aliniambia, hakugonga tena.

Jioni ile Mzee Pandu alinisindikiza mpaka Darajani. "Nifundishe na mimi, Zuhura," akasema. "Vile viatu vya nani?"

"Sisemi, Mzee. Kiapo."

 Tulipopita mbele ya fundi Mbaruku alilitazama lile gunia chini ya benchi, akanitazama mimi, na hakuuliza tena. Lakini mafunzo yaliyofuata, mwanafunzi mmoja alipoitaja kanuni ya viatu, Mzee Pandu alimkatiza kwa ukali. "Hiyo ya shamba," akasema. "Mjini uliza, usikilize."

Miaka ya mwanzo ya sabini nikawa mimi ninayefundisha. Siku moja nilipita ule uchochoro nikakuta nyumba ya kona ina makubadhi mengine, mapya, yana tope, yamevuliwa ovyo, moja huku moja kule. Binti mkubwa wa Bi Rukia alikuwa ameolewa, na mkwe amehamia. Bi Rukia alikuwa akitoka na kifurushi cha gazeti. "Nnamrejeshea fundi," akasema. "Kuna mwengine atayataka." Mumewe hakurudi. Mwaka aliofariki Bi Rukia sikuwapo, nilikuwa bara kikazi, na mpaka leo inaniuma.

Sasa nimalizie na jambo la juzi, ambalo ndilo lililonifanya nishike kalamu. Mnajua kwamba mume wangu ametangulia mbele ya haki, na kwamba ninakaa peke yangu Kiembe Samaki. Sensa hii ya karibuni mlinitumia karani, binti mdogo, buibui jeusi, adabu nyingi. Sikupenda anavyotazama. Kabla ya kutoa salamu macho yake yalishuka mlangoni.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba."

"Waliolala hapa usiku wa sensa ni wangapi?"

"Mmoja. Mimi."

Akatazama tena makubadhi ya marehemu ninayoyaweka kizingitini, makubwa, yameliwa kisigino. Nikamwona anatia alama ndogo pembeni ya karatasi kwa penseli. Nilijua ni alama gani. Ni mimi niliyewafundisha waliomfundisha. Nikajiuliza atakwenda kumwambia nani.

Habari ya makubadhi hakuiuliza. Alimaliza maswali yake, akanishukuru, akatoka. Kizingitini akainama, nikadhani anafunga kiatu. Akayashika makubadhi ya mume wangu, akayageuza ncha zitazame ndani.

"Yalikuwa hivyo hivyo tangu jana, Bibi, nlipopita," akasema bila kuniangalia. "Kwetu mama anayageuza kila jioni."

Nikamwambia alete ile karatasi, nikampa raba, akafuta.